Kusafisha, Kuunda na Kujaza Mifereji ya Mizizi ya Meno: Nafasi ya Dawa ya Kuoshea



1. Utangulizi

Jino ambalo kiini chake kimekufa bado linaweza kumtafunia mwenyewe miaka mingi, mradi vijidudu vilivyomo mizizini vitolewe na mlango wao wa kurudi ufungwe. Mwaka 1965, Kakehashi na wenzake nchini Marekani walitoboa meno ya panya mpaka kwenye kiini. Panya wa kawaida walipata usaha, viini vikafa. Panya waliolelewa bila kijidudu chochote walipona na kujijengea dentini mpya, ingawa matundu yao nayo yalijaa chakula. Kwa hiyo tunapambana na vijidudu, na hoja yangu inatoka hapo: faili hufungua njia, dawa ndiyo inayosafisha, na kujaza hulinda kilichokwisha kusafishwa.

2. Kuunda mfereji

Tupanue kwanza sehemu ya juu, kisha tushuke kuelekea nchani. Hivyo uchafu hautasukumwa nje ya mzizi, na sindano ya dawa itapata nafasi ya kufika chini. Urefu upimwe kwa kipimo cha umeme na kuhakikiwa kwa eksirei. Kwa kawaida tunaishia milimita 0.5 hadi 1 kabla ya ncha inayoonekana kwenye picha. Kila baada ya faili kubwa, turudishe faili namba 10 ili vumbi la dentini lisizibe njia. Katika mfereji uliopinda, faili nene ya chuma cha pua hung'ang'ania kunyooka, na hapo ndipo kuta hutobolewa. Faili za nikeli na titani, zilizoelezwa mara ya kwanza mwaka 1988, hupinda kwa urahisi zaidi. Asiye na mashine asikate tamaa: faili za mkono, zikitumiwa kwa subira, zinafanya kazi nzuri.

3. Kuosha

Mifereji mingi si ya duara. Ina mbavu, vichochoro na matawi, na vipimo vya CT ndogo vimeonyesha kuwa asilimia 35 au zaidi ya kuta zake huenda zisiguswe na faili kabisa. Huko hufika dawa peke yake.

Hipokloriti ya sodiamu, ya asilimia 0.5 hadi 5.25, huua vijidudu na kuyeyusha mabaki ya kiini. Nguvu yake huisha upesi ikikutana na uchafu, kwa hiyo tuibadilishe mara kwa mara, kwa wingi. Mwishoni, EDTA ya asilimia 17 kwa dakika moja huondoa utando ulioachwa na faili. Klorheksidini isikutane na hipokloriti mferejini, maana hutoa tope la kahawia linaloziba vijitundu vya dentini.

Sindano iwe yenye tundu ubavuni, iishie milimita 2 kabla ya urefu wa kazi, na isikwame. Bomba lisukumwe polepole kwa kidole cha shahada, kwani dole gumba lina nguvu mno. Dawa ikivuka ncha ya mzizi, mgonjwa hupata maumivu makali ya ghafla, uvimbe na damu. Jino litengwe kwa karatasi ya mpira, kifaa alichokibuni Barnum mwaka 1864: huzuia mate kuingia, na humkinga mgonjwa asimeze faili wala dawa.

4. Kujaza

Tujaze mfereji uliokauka, usio na usaha. Gutapacha ishindiliwe kwa ubavu ikiwa baridi, au kwa wima ikiwa moto kama alivyofundisha Schilder mwaka 1967. Kwa vyovyote, saruji ya mfereji ifuate nyufa zote. Kisha jino lizibwe kwa kijazo cha kudumu bila kuchelewa, maana mate yakipenya, kazi yote inaharibika. Magego mengi yanahitaji pia kufunikwa vichwa vyake.

5. Mapendekezo

Naomba kila kliniki, kabla ya kununua mashine ya faili, itenge kwanza fedha za karatasi za mpira, hipokloriti na sindano za tundu ubavuni. Naomba pia tusihesabu muda wa kuosha kuwa ni muda wa kusubiri. Ndio muda wa tiba yenyewe, na mgonjwa anastahili kuupata wote.