Eva Monley, Mwanamke wa Vibali na Malori

Wiki hii tunazungumzia filamu, lakini mastaa leo wakae pembeni kidogo. Humphrey Bogart, Katharine Hepburn na Clark Gable wamesemwa vya kutosha. Mimi nataka kumzungumzia Eva Monley, ambaye kazi yake ilikuwa kuhakikisha mastaa hao wanafika porini, wanakula, wanalala, na kamera inawashwa kabla jua halijawa kali.

Eva alizaliwa Berlin, Ujerumani, mwaka 1923, akakulia Kenya. Zamani Hollywood ilipotaka Afrika, mara nyingi iliitengeneza kule kule Marekani, kwa migomba ya kupandwa studio na simba wa kufugwa. Baada ya Vita Kuu ya Pili watazamaji walichoka na pori la bandia. Mwaka 1950 ikatoka King Solomon's Mines, iliyopigwa Afrika Mashariki na Kongo, ikazoa fedha na tuzo ya Oscar ya upigaji picha. Ghafla kila studio ikataka safari. Na safari inahitaji mtu anayezijua njia, anayejua kibali kinatolewa ofisi gani, na mvua ikianza barabara ipi haipitiki; mtu kama Eva.

Chukua The African Queen, ya mwaka 1951, ambayo Eva alikuwa kwenye kikosi chake. Mwongozaji John Huston aliwapeleka watu wake Mto Ruiki, ndani ya Kongo ya Wabelgiji, kisha Butiaba, kando ya Ziwa Albert, Uganda. Mashua inayosimuliwa kwenye filamu hiyo ilikuwa ndogo, haina nafasi ya waigizaji na kamera kwa pamoja. Ikabidi viundwe vyelezo: kimoja kina mfano wa mashua juu yake, kingine kimebeba taa, kingine vyombo vya sauti. Vyote vikafungwa kamba na kuvutwa kwa mkupuo mmoja, na mto ulipopinda, msafara ulikwama kwenye matawi. Kulikuwa hata na chelezo cha Bi. Hepburn, chenye choo na kioo kirefu! Hicho hakikudumu, uzito ulizidi, kikaachwa. Siku moja mashua ikazama, watu wakaivuta kwa kamba mpaka ikaibuka. Siafu wakavamia kambi. Maji yakawaharisha watu, Hepburn akiwemo. Bogart na Huston walisalimika, na wenyewe walidai ni kwa sababu walikunywa wiski tu. Mtaamua wenyewe.

Sasa, zile sehemu ambazo Bogart anaingia majini kuivuta mashua hazikupigwa Afrika. Zilipigwa London, kwenye tangi la studio, kwa kuhofia kichocho. Hapo ndipo unapoiona kazi ya uzalishaji. Muswada unachambuliwa tukio kwa tukio: hili linataka watu wangapi, mashua ngapi, mchana au usiku. Halafu matukio yanapangwa upya kufuata mahali na gharama, wala si kufuata hadithi. Mwisho wa filamu unaweza kupigwa siku ya kwanza. Kila jioni inatoka karatasi ya kesho: nani achukuliwe saa kumi na moja alfajiri, gari gani, chai wapi. Karatasi hiyo ikikosewa, watu mia wanakaa juani wakilipwa bure.

Filamu ya Mogambo ilifuata. Kikosi kilikuwa kinajiandaa Kenya hali ya hatari ilipotangazwa Oktoba 1952. Kambi zililindwa kwa bunduki, na kule Kagera, Tanganyika, uwanja wa ndege ulichongwa porini ili chakula na vifaa viletwe kutoka Nairobi.

Katika filamu hizo Eva hakuwa bado meneja. Alikuwa anajifunza, kwenye shule ngumu. Alipokuja kufanya kazi na Otto Preminger, mwongozaji aliyejulikana kwa ukali, alikuwa ameiva. Alishiriki Exodus, iliyopigwa Cyprus na Israel, na mwaka 1965 jina lake likaandikwa kama meneja wa uzalishaji wa In Harm's Way, filamu ya vita ya John Wayne iliyotumia meli halisi za jeshi la majini la Marekani. Hebu fikiria: miaka hiyo wanawake wengi kwenye filamu waliishia kwenye mavazi na kumbukumbu za muswada. Fedha na malori vilikuwa mambo ya wanaume.

Mwaka 1993 alikuwa mmoja wa watayarishaji wa A Far Off Place, iliyopigwa Namibia na Zimbabwe. Alifariki Novemba 2011, akiwa na miaka 88.

Nina neno moja la lawama, si kwake, bali kwa studio. Eva alifika mahali jina lake likaandikwa. Madereva, wapishi, wakalimani na wavuta kamba wa Ruiki, Butiaba na Kagera hawakuandikwa, na kwenye picha zenyewe mara nyingi Mwafrika alipewa kubeba mizigo. Kwa hiyo msikilizaji, kama kwenu yupo mzee aliyefanya kazi kambi za filamu, au aliyesimuliwa na baba yake, keti naye umrekodi kwa simu. Uliza jina lake kamili, alilipwa kiasi gani, na nani alikuwa akimpa karatasi ya kesho.