Kiti cha gavana kikiwa wazi, sisi tuliokimbia tunasimama wapi?

(Mazungumzo na familia zilizokimbia vita pamoja na viongozi wao, Butembo)



Kabla ya kikao hiki kiongozi mmoja aliniuliza: kwa nini shirika la amani linakuja kuongea juu ya kiti cha gavana na watu wanaosubiri unga na shitingi? Swali lake ni la haki. Shirika letu halina mgombea, halina chama, na sikuja kuwaambia fulani ni mzuri na fulani ni mbaya. Nimekuja kwa sababu mashamba mliyoyaacha yanaweza kugawanywa ninyi mkiwa hapa, na mtu anayekaa kwenye kiti hicho ana kalamu katika jambo hilo.

Tuanze na namna gavana, au liwali kama wengine wanavyosema, anavyopatikana. Wengi bado wanafikiri kwamba raia wanamchagua kama wanavyomchagua Rais. Sivyo. Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, katika kifungu cha 198, inasema kwamba gavana na makamu wake wanachaguliwa na wajumbe wa Bunge la Jimbo, kwa muda wa miaka mitano, na muda huo unaweza kurudiwa mara moja tu. Kisha Rais wa Jamhuri anawathibitisha kwa amri yake. Wawili hao wanasimama pamoja, kwa kura moja. Asipopatikana mwenye zaidi ya nusu ya kura, wale wawili wa mbele wanarudi duru ya pili.

Sasa fanyeni hesabu. Bunge letu la Kivu Kaskazini lililochaguliwa mwaka 2006 lilikuwa na wajumbe 42, pamoja na wazee wa kimila walioingizwa bila kupigiwa kura na raia. Nusu ya 42 na mmoja juu yake ni 22. Watu 22 wanaenea katika basi dogo moja, nao waliweza kuamua nani aongoze jimbo lenye mamilioni ya watu.

Na bunge lile lilikaa muda mrefu sana. Raia walichagua wajumbe wa jimbo tarehe 29 Oktoba 2006, na Januari 2007 wajumbe wakamchagua Julien Paluku. Baada ya hapo hakukuwa na uchaguzi wa wajumbe wa jimbo mpaka tarehe 30 Desemba 2018. Mtoto aliyezaliwa siku ya kura ya kwanza alikuwa ametimiza miaka 12 wakati wa kura ya pili. Sisi wa Butembo na Beni hata siku hiyo hatukupiga: tuliambiwa ni sababu ya Ebola na ukosefu wa usalama, tukapiga tarehe 31 Machi 2019, wakati Rais alikuwa amekwisha kuapishwa tangu Januari. Mnakumbuka jinsi wakaaji wa Beni walivyojipanga mistari na kupiga kura yao ya mfano, ili waonyeshe kwamba nao ni raia.

Mwaka ule wa 2019 kiti kilikuwa wazi kweli. Paluku hakurudi, na wajumbe wakamchagua Carly Nzanzu Kasivita, makamu wake akiwa mama, Marie Lumoo Kahombo. Kiti kikiwa wazi namna hiyo ndipo milango inafunguka. Gavana anayetafuta kurudishwa ana watu wake tayari na ahadi zake za zamani. Mgombea mpya anahitaji kila mjumbe, na mjumbe anajua kwamba anahitajiwa. Basi mjumbe wa kwenu anaweza kusema: "Kura yangu utaipata, lakini niambie kwanza watu wa kwetu watarudi namna gani." Au anaweza kuomba bahasha. Yote mawili hutokea, na hakuna hapa asiyejua lipi hutokea zaidi.

Juu ya bahasha hizo niwapeleke mbali kidogo, magharibi, upande wa bahari, katika jimbo lililoitwa wakati ule Bas-Congo na leo Kongo Central. Mwanzoni mwa 2007, siku zile zile tulipompata gavana wetu hapa, upinzani kule ulikuwa na wajumbe wengi, lakini gavana aliyeshinda alitoka upande wa pili kwa tofauti ndogo sana. Habari zikaenea kwamba wajumbe wamenunuliwa. Wafuasi wa kundi la Bundu dia Kongo, ambalo kiongozi wake alikuwa mgombea wa umakamu, wakatoka barabarani. Polisi na askari wakajibu kwa risasi. Katika siku chache watu zaidi ya 100 walikufa katika miji kama Matadi, Boma na Muanda, wengi wao raia, na polisi pia walikuwamo. Chanzo chake kilikuwa kura iliyopigwa na watu wachache ndani ya chumba kimoja!

Mwaka 2019 malalamiko ya bahasha yalirudi, safari hii katika uchaguzi wa maseneta, ambao nao wanachaguliwa na wajumbe hao hao. Mambo yalifika mahali ambapo mwezi wa Machi uchaguzi wa magavana uliahirishwa.

Sisi wa Kivu Kaskazini tunayo shida nyingine juu ya hiyo. Kila mara kiti kinapokaribia kuwa wazi, swali la kwanza si "atafanya nini" bali "ni wa wapi": Grand-Nord au Petit-Nord, kabila gani, na makamu atoke kwa nani. Sisemi kwamba mizani hiyo haina maana. Jimbo hili limelia sana na kila jamii inaogopa kusahauliwa. Lakini nimeona katika vikao vyetu kwamba mkimbizi wa Rutshuru na mkimbizi wa Lubero wanaoteka maji kwenye robine moja wanaacha kusalimiana kwa ajili ya mgombea ambaye hawajui hata nyumba yake iko wapi. Viongozi wa komite, hapo ndipo kazi yenu inapoanza, kabla uvumi haujaota miguu.

Mtaniuliza, uchaguzi wenyewe uko wapi? Tangu tarehe 6 Mei 2021 Kivu Kaskazini na Ituri ziliwekwa chini ya utawala wa kijeshi. Gavana aliyechaguliwa akaachia kiti, wakaingia maafisa wa jeshi, na bunge la jimbo likasimamishwa. Desemba 2023 raia wa nchi walipiga kura, lakini si Masisi wala Rutshuru, kwa sababu ya vita. Aprili 2024 majimbo mengi yalichagua magavana, hata jirani zetu wa Kivu Kusini. Sisi na Ituri hatukuchagua. Januari 2025 Goma ikaanguka mikononi mwa AFC/M23. Mwezi uliofuata kundi hilo likaweka gavana wake Goma, na serikali ya Kinshasa ilikuwa imekwisha kumteua wa kwake. Magavana wawili katika jimbo moja, na hata mmoja hakupita katika kura ya wajumbe.

Kwa hiyo mtu wa Masisi au wa Rutshuru aliye hapa amepoteza mara mbili. Ameacha nyumba yake, na mwaka 2023 hakuchagua mjumbe wa kumsemea siku kiti kitakapofunguliwa. Ninyi wa Lubero na wa wilaya ya Beni mna afadhali kidogo: wajumbe wa kwenu wana majina, na mnaweza kuwafikia. Wasemeeni na wenzenu.

Muwaambie nini? Msiwaombe gavana amalize vita, kwa maana jeshi linaamriwa kutoka Kinshasa, na mgombea akiwaahidi hilo jueni anawabembeleza. Lakini gavana anaongoza kamati ya usalama ya jimbo. Anaandaa bajeti ya jimbo, ambayo mjumbe ana haki ya kuisoma na kuwaeleza: kuna faranga ngapi za barabara ya kwenu, za shule iliyochomwa? (Katiba inasema asilimia 40 ya mapato ya taifa yanayotoka katika majimbo ibaki kwa majimbo. Haijatimizwa inavyotakiwa, na gavana yeyote atawaambia hivyo mkimuuliza. Muulizeni hata hivyo.) Na zaidi ya yote kuna ardhi. Ugawaji wa mashamba makubwa unaweza kupita kwa saini ya gavana. Mtu mwenye uwezo anaweza kuleta karatasi akisema kwamba kilima fulani ni kitupu, hakina watu. Kilima kile si kitupu, watu wake wako hapa Butembo wamelala chini ya shitingi. Mjumbe amuulize kila mgombea, mbele ya watu, kama atakubali kusaini ardhi ya vijiji ambavyo wenyewe wamekimbia. Jibu liandikwe.

Jambo la mwisho ni la kadi ya mpiga kura. Viti vya wajumbe hugawanywa kwa kufuata hesabu ya waliojiandikisha katika kila wilaya na mji. Ukijiandikisha hapa, unahesabiwa hapa, na kura yako ni ya hapa. Wengine watataka hivyo kwa sababu hawafikiri kurudi tena, na ni haki yao. Wengine watapenda kungoja mpaka waweze kujiandikisha kwao, ingawa kadi hiyo ndiyo kitambulisho kwenye kila barabara na bila hiyo unasumbuliwa. Siwezi kuwachagulia. Jambo hilo lijadiliwe katika kila familia, mama naye akisikilizwa, kwa maana mara nyingi ni yeye anayejua mipaka ya shamba.

Wakati huu viongozi wa komite wachukue daftari, moja kwa kila kijiji cha asili. Andikeni jina la kijiji, idadi ya nyumba, majina ya wenye mashamba na ya majirani wanaopakana nao, na kama kuna karatasi ya shamba, iko kwa nani. Wajane waandikwe kwa majina yao wenyewe, si kwa jina la shemeji. Fanyeni nakala mbili: moja ibaki kwa komite, nyingine kwa mtu mnayemwamini, mbali na hapa. Wenye maswali juu ya wajane na mashamba ya marehemu wabaki, tuanze na hayo.