Malalamiko ya Barazani Hayafiki Mahakamani



Ndugu zetu katika imani, leo tunazungumzia jambo linalosemwa sana barazani baada ya sala, lakini hufuatiliwa kidogo mno. Vijana wetu wa Karatu na Ngorongoro wamesomeshwa kwa jasho. Wapo wazazi waliouza shamba au ng'ombe ili ada ipatikane. Vijana hao huomba kazi za Serikali, majina yao hayatoki, nasi tunahitimisha kwa neno moja: "Tumeonewa." Kisha tunanyamaza. Je, uonevu huo tutauthibitisha vipi, na mbele ya nani?

Katiba ya mwaka 1977, katika ibara ya 22, inampa kila raia fursa na haki sawa ya kushika kazi iliyo chini ya mamlaka ya nchi. Ibara ya 13 inakataza mamlaka kumbagua mtu kwa kabila, dini au mahali alipotoka. Nayo Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, kifungu cha 7, inamhesabu mwombaji wa kazi kuwa sawa na mfanyakazi katika suala la ubaguzi. Basi ulinzi wa sheria hausubiri mtu aajiriwe. Huanza pale anapoomba.

Hata hivyo, tusidanganyane. Katika mapitio ya kimahakama, Mahakama Kuu haigawi ajira wala haisahihishi upya majibu ya usaili. Hutazama njia iliyofuatwa: je, aliyeamua alikuwa na mamlaka? Je, sifa zilizotangazwa ndizo zilizotumika? Je, palikuwa na upendeleo? Njia ikionekana batili, uamuzi hutenguliwa. Mara nyingi anayeshinda hupata nafasi ya kufikiriwa upya kwa haki, si barua ya ajira.

Tutazame kwa jirani zetu wa Kenya. Julai 2014 walifanya usaili wa kuajiri polisi wapya wapatao 10,000. Mamlaka Huru ya Usimamizi wa Polisi, IPOA, ilipeleka waangalizi vituoni, kisha ikafungua kesi. Tarehe 31 Oktoba 2014 Mahakama Kuu ya Nairobi ilifuta zoezi lote kwa sababu ya rushwa na ukiukaji wa taratibu, na mwaka 2015 Mahakama ya Rufani ikauthibitisha uamuzi huo. Kesi ile haikusimama juu ya minong'ono. Ilisimama juu ya yale yaliyoonekana na kuandikwa. Tukumbuke pia kwamba waliochaguliwa kihalali walitenguliwa pamoja na wengine.

Kwetu sisi adui mkubwa ni muda. Kanuni za mwaka 2014 zinataka kibali cha mapitio kiombwe ndani ya miezi sita tangu uamuzi utolewe, na kikitolewa, maombi yenyewe yawasilishwe ndani ya siku 14. Mahakama Kuu iko Arusha. Aliyeko Endulen hufika Karatu kwanza, ndipo aishike njia ya Arusha. Miezi sita ya kulalamika barazani hupita upesi.

Kwa hiyo tunausia mambo manne. Kijana atunze tangazo la kazi, nakala ya maombi yake na jibu alilopewa, pamoja na tarehe. Aandike barua kuomba sababu, abaki na nakala iliyopokewa. Atumie kwanza njia ya rufaa kama sheria imeiweka, maana mahakama huuliza. Na amwone mapema mwanasheria, au msaidizi wa kisheria anayetambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017.

Nasi wazee tuna wajibu. Tuchange nauli kabla ya kuchanga maneno. Na kijana akiwa amezidiwa kwa haki, tumwambie ukweli, ajiandae upya. Kumsingizia aliyeshinda kwa jasho lake nako ni dhuluma. Ama aliye miongoni mwetu anayekaa katika meza ya usaili, ajue kwamba ile kalamu ni amana.

Wabillahi tawfiq.