Kamera yenye inakaa
(Maneno yaliyosemwa Muhumba mbele ya wanamemba na wafadhili)

Bwana Prezida, wamama, wababa, na ninyi wafadhili wenye mulifika hapa Muhumba leo, aksanti sana.

Nimeombwa niseme juu ya swali yenye inatugawanya: tukubali watu wa kamera waingie mu chama chetu, ao tukatae? Wengi munasema hapana, na ninawaelewa. Wakati tulirudi, watu walikuja, wakatupanga mustari, wakatupiga picha, wakaenda. Hata majina yetu hawakuuliza. Ile picha hatujaiona mpaka leo.

Lakini kuko kamera ingine. Dieudo Hamadi ni mutoto wa Kisangani, alizaliwa mwaka 1984. Mwaka 2017 alitoa filme «Maman Colonelle». Inaanza hapa kwetu Bukavu: Koloneli Honorine Munyole, wa polisi ya kulinda wanawake na watoto, anahamishwa kwenda Kisangani. Kule anakuta wamama wenye wangali na vidonda vya vita ya siku 6, ya mwezi wa 6 mwaka 2000, wakati majeshi ya Rwanda na ya Uganda yalipigana ndani ya muji. Anakuta pia watoto wenye wanaitwa wachawi na kuteswa. Musaada hautoshi, basi anageukia raia, anawaomba wachangie kidogo kidogo. Si ni vile na siye tunafanya na kisanduku chetu?

Mwaka 2020 akatoa «En route pour le milliard». Walemavu wa ile vita wanapanda mashua, wanashuka muto Kongo kwenda kudai malipo yao. Hakuna mutu wa nje mwenye anawasemea. Wanajisemea wenyewe, wanagombana, wanacheka, wanachoka. Filme si korti: ni Korti ya La Haye yenye iliamuru, tarehe 9/2/2022, Uganda ilipe Kongo dola milioni 325. Lakini mwenye aliona ile filme hawezi kusema hakujua wale watu ni nani.

Mama mumoja wetu aliniambia: «Siku nitasema, nitasema nikiwa nimevaa kitenge changu kizuri, na hakuna mwenye atanikata.» Basi ninaleta masharti 3. Moja: mwenye kamera akae kwanza na siye, bila kupiga picha. Mbili: kila mutu aulizwe, na awe na haki ya kubadilisha mawazo hata kesho. Tatu: filme ioneshwe hapa kwanza, mu Kiswahili, mbele ya kwenda kwa wafadhili.

Ninyi wafadhili, kama masharti haya yatachelewesha ripoti yenu, mutuvumilie. Wanamemba, tutapiga kura kisha ya chakula. Mwenye atasema hapana, asihesabiwe adui.