Asikiaye Kila Lafudhi

Soma: Waamuzi 12:4-6



Siku hizi simu nyingi zina msaidizi wa sauti: wamwuliza neno kwa kinywa, naye hukujibu kwa kinywa. Jioni moja hapa Moding tulimpa nyanya mmoja simu aulize kama mvua itanyesha kesho, maana alitaka kuanika mihogo. Aliuliza kwa Kiteso, simu ikanyamaza. Akauliza kwa Kiswahili. Ikajibu jambo lingine kabisa. Vijana wakacheka, nasi tukacheka. Nyanya akairudisha simu, akasema, "Kumbe mimi sijui kusema."

Neno hilo lilituchoma, kwa kuwa kosa halikuwa lake. Siri, msaidizi wa kampuni ya Apple, alipotoka mwaka 2011 alijua Kiingereza, Kifaransa na Kijerumani tu. Hata wasemao Kiingereza hawasikiwi sawasawa. Mwaka 2020 wachunguzi wa Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, walipima mitambo ya kampuni tano kubwa. Wazungu waliposema, mitambo ilikosea maneno kama 19 katika kila 100. Wamarekani weusi waliposema, 35. Mtambo huwasikia vema wale ambao sauti zao zilitumika kuufundisha.

Jambo hili ni la kale. Penye vivuko vya Yordani, watu wa Gileadi walimtaka kila avukaye atamke "Shibolethi". Mwefraimu alisema "Sibolethi", akauawa. Walikufa 42,000. Sisi tukaao karibu na mpaka wa Malaba twajua uzito wa kuulizwa, "Wewe ni wa wapi?"

Lakini simu haina moyo. Sisi tunao, na tulicheka. Mara ngapi mama mzee amesimama kanisani kushuhudia, akichanganya Kiteso na Kiswahili, nasi tukatazama saa? Petro naye alitambuliwa uani kwa usemi wake wa Kigalilaya. Bwana hakumtupa. Siku ya Pentekoste ndiye aliyesimama kuhubiri, na kila mtu alikuwa amesikia kwa lugha yake mwenyewe.

Tulirudi kwa nyanya kuomba radhi. Alitushika mikono, akatuombea kwa Kiteso, polepole, nasi tukangoja mpaka Amina. Juma hili, wapendwa, tumtafute mmoja ambaye hatujamsikiliza, tumngoje amalize.

Tuombe. Ee Bwana, wewe usiyechoka kutusikia, utupe masikio kama yako. Amina.