Chuma Usichokijua Usikifungue: Ugonjwa Mkali wa Mionzi, Chanzo, Dalili na Hatari Zake

Maelezo kwa wakazi wa wadi za Maringo/Hamza, Viwandani, Harambee na Makongeni, Kaunti Ndogo ya Makadara



Mkazi wa Viwandani hahitaji kufundishwa jinsi hatari ya viwandani inavyoweza kuingia mtaani. Tarehe 12 Septemba 2011, petroli iliyovuja kutoka kwenye bomba ilishika moto katika kijiji cha Sinai na zaidi ya watu 100 wakapoteza maisha. Petroli angalau ina harufu, na moto huonekana. Mada ya leo ni hatari isiyonusika, isiyosikika na isiyounguza mkono papo hapo. Ni mionzi mikali, na ugonjwa unaompata mtu aliyepigwa na mionzi hiyo kwa wingi katika muda mfupi.

Mada hii imeletwa Makadara kwa sababu moja. Hapa viwanda vimepakana na nyumba za watu, na maelfu ya familia hupata riziki kwa vyuma chakavu. Katika nchi kadhaa, watu wa kwanza kuumia kwa mionzi walikuwa raia wa kawaida waliookota, walionunua au waliokata chuma wasichokijua.

Mionzi hii hutoka wapi

Kuna madini ambayo hutoa nguvu yenyewe, mchana na usiku, bila kuunganishwa na umeme. Nguvu hiyo hupenya nguo, ngozi na hata ukuta, na ikiingia mwilini huharibu chembe hai. Bara letu linayajua madini hayo tangu zamani: sehemu kubwa ya urani iliyotumika kutengeneza bomu lililoangushwa Hiroshima tarehe 6 Agosti 1945 ilichimbwa Shinkolobwe, Katanga, nchini Kongo.

Lakini madini ya aina hii yana kazi nyingi za manufaa. Hospitali hutumia kobalti-60 kutibu saratani. Wakaguzi wa mabomba hutumia iridiamu-192 kuangalia kama chuma kimechomelewa vizuri. Wajenzi wa barabara wana vifaa vyenye sesiamu-137 vya kupima kama udongo umeshindiliwa sawasawa, na baadhi ya viwanda hutumia vifaa vya namna hiyo kupima ujazo wa matangi. Kikiwa ndani ya ganda lake na mikononi mwa mtaalamu aliyeidhinishwa, kifaa hicho ni salama.

Hatari huanza kifaa kinapopotea, kinapoibwa au kinapoachwa kwenye jengo lililofungwa. Ganda lake huwa la risasi au chuma kizito, na kila mnunuzi wa vyuma anajua kwamba uzito ni pesa. Kitu kilichofichwa ndani kinaweza kuwa kidogo kama kidonge au ncha ya kalamu. Mtu akivunja ganda ili auze risasi, ameondoa kinga yote kwa nyundo yake mwenyewe.

Dalili zake

Ugonjwa mkali wa mionzi humpata mtu ambaye mwili wake wote, au sehemu kubwa ya mwili, umepokea mionzi mingi kwa dakika au saa chache. Wataalamu hupima kiasi kilichoingia mwilini kwa kipimo kiitwacho grei. Dalili huanza kuonekana karibu na nusu grei hadi grei moja. Bila matibabu, kiasi cha grei 3 hadi 5 kinaweza kuua nusu ya watu waliokipokea. Kikipita grei 10, matumbo huharibika na ni nadra mtu kupona.

Ugonjwa huu una hatua nne, na ni muhimu kuzijua kwa mpangilio wake.

Hatua ya kwanza ni kichefuchefu, kutapika, kuumwa na kichwa, uchovu na pengine kuhara. Huanza dakika chache hadi siku mbili baada ya mtu kupigwa na mionzi. Kutapika kukianza mapema, ndani ya saa moja kwa mfano, ni ishara kwamba kiasi kilichoingia ni kikubwa.

Hatua ya pili ndiyo inayodanganya watu wengi. Kutapika hukoma, mgonjwa hupata nafuu, hurudi kazini, na jamaa hushukuru Mungu. Nafuu hiyo yaweza kudumu saa chache au wiki kadhaa. Wakati huo uboho, yaani sehemu ya ndani ya mifupa inayotengeneza damu, unaendelea kufa.

Hatua ya tatu ni ugonjwa wenyewe. Nywele hunyonyoka, fizi na pua hutoka damu, homa hupanda, na vidonda haviponi, kwa kuwa damu imekosa chembe za kupambana na maradhi. Hatua ya nne ni kupona, ambako kwaweza kuchukua miezi au miaka, au kifo. Anayepona pia hubaki na uwezekano mkubwa zaidi wa kupata saratani miaka ya baadaye.

Aliyeshika kitu chenyewe kwa mkono, au aliyekitia mfukoni, hupata pia jeraha la ngozi. Ngozi huwa nyekundu, huwasha, hutoa malengelenge na kuoza, kama mtu aliyeungua. Tofauti ni kwamba hakugusa moto, na jeraha laweza kutokea siku au wiki kadhaa baadaye.

Kwa nini hugunduliwa kwa kuchelewa

Hapa Eastlands, mtu akitapika na kuhara, fikira ya kwanza ni maji machafu, chakula kilicholala, homa ya matumbo au kipindupindu. Fikira hiyo ni sahihi karibu kila mara, na hakuna sababu ya kumwogopesha kila mwenye tumbo linalouma. Lakini kuna swali moja ambalo halimgharimu mhudumu wa afya chochote: "Siku hizi umeshika au umefungua chuma gani?" Ikiwa watu kadhaa wa nyumba moja au yadi moja wanatapika bila kula chakula kimoja, na mmoja wao ana jeraha la moto asilojua lilikotoka, swali hilo laweza kuokoa maisha.

Mnamo mwaka 2000, katika kijiji cha Meet Halfa nchini Misri, mkulima aliokota kipande kidogo cha chuma kinachong'aa akidhani kina thamani. Kilikuwa iridiamu-192 iliyopotea katika kazi ya kukagua mabomba. Alikipeleka nyumbani. Yeye na mwanawe wa miaka 9 walifariki, na jamaa wengine wa nyumba hiyo wakaugua kabla ya chanzo kujulikana.

Kisa kinachofanana zaidi na maisha ya mitaa yetu ni cha Goiânia, nchini Brazil. Mwezi Septemba 1987, vijana wawili waling'oa kifaa cha kutibu saratani katika kliniki iliyohamwa, wakakiuza kwa mwenye yadi ya vyuma. Ndani mlikuwa na unga wa sesiamu-137 usiozidi gramu 100, uliong'aa kwa rangi ya samawati gizani. Mwenye yadi aliupenda, akawagawia ndugu na marafiki. Wengine waliupaka ngozini. Mtoto wa kike wa miaka 6 alikula akiwa na unga huo mikononi.

Watu walipoanza kutapika, ilidhaniwa ni chakula au maradhi ya kawaida. Aliyebaini ukweli ni mke wa mwenye yadi. Aliona kwamba wote walioumwa walikuwa wamekaribia kitu kile kile, naye akakipeleka kwenye kituo cha afya kwa basi, kikiwa ndani ya mfuko, tarehe 28 Septemba. Mama huyo alifariki, na mtoto yule pia. Waliokufa walikuwa wanne. Watu zaidi ya 112,000 walipimwa, na 249 wakakutwa na unga huo mwilini au kwenye vitu vyao. Hakuwa na elimu ya mionzi. Alitazama, akaunganisha mambo, akachukua hatua, na bila yeye idadi ya waliokufa ingekuwa kubwa zaidi.

Cha kufanya ukikuta kitu usichokielewa

Jifunze alama. Alama ya mionzi ni duara dogo lililozungukwa na mabawa matatu, mara nyingi meusi kwenye rangi ya njano. Tangu mwaka 2007 kuna nyingine ya pembetatu nyekundu, yenye mawimbi ya mionzi, fuvu la kichwa na mtu anayekimbia. Ukiiona hiyo ya pili, fahamu kwamba kilichomo kinaweza kuua. Alama yaweza kuwa imefutika au kung'olewa, kwa hiyo shuku pia kijisanduku kidogo chenye uzito usiolingana na ukubwa wake.

Ukikutana na kitu kama hicho:

1. Usikifungue, usikikate, usikichome, wala usikitie mfukoni.
2. Ondokeni wote mpaka umbali usiopungua mita 30, na mzuie wengine kukaribia. Ukizidisha umbali mara mbili, mionzi kutoka kwa kitu kidogo hupungua hadi robo.
3. Piga 999 au 112, au mjulishe chifu au kituo cha polisi kilicho karibu ili Mamlaka ya Udhibiti wa Nyuklia ya Kenya ifahamishwe.
4. Waliokishika wasile, wasivute sigara wala kugusa midomo. Wavue nguo za nje, wazitie kwenye mfuko na kuufunga, kisha waoge kwa maji na sabuni. Kuvua nguo pekee huondoa sehemu kubwa ya vumbi la mionzi.
5. Andikeni majina ya wote waliokaribia, hata wasioumwa, ili wapimwe. Kumbuka ile hatua ya pili.

Majeruhi anayetokwa na damu asiachwe kwa hofu. Aliyepigwa na mionzi haambukizi kama mgonjwa wa kipindupindu. Cha kuepuka ni vumbi lililo kwenye nguo na ngozi yake. Hospitali inaweza kumsaidia kwa damu, dawa za kuzuia maambukizi, dawa za kuamsha uboho, na kwa aliyemeza sesiamu kuna dawa ya kuitoa mwilini. Vidonge vya ayodini haviponyi ugonjwa huu. Hukinga tezi ya shingo dhidi ya aina moja tu ya mionzi.

Wenye yadi wana wajibu wao. Sheria ya Vyuma Chakavu ya mwaka 2015 inawataka wawe na leseni na waweke kumbukumbu za wanachonunua. Wengi huiona kama usumbufu, hasa baada ya biashara hiyo kusimamishwa kwa miezi kadhaa mwaka 2022. Lakini siku kitu kibaya kikiingia, daftari hilo ndilo litakaloonyesha kilitoka kwa nani na nani mwingine alikigusa. Wenye vifaa vya mionzi nao wanabanwa na Sheria ya Udhibiti wa Nyuklia ya mwaka 2019, na hawana ruhusa ya kuvitupa kama takataka.

Kijana aliyeokota anaweza kuogopa kuripoti asije akaitwa mwizi. Wazee wa mtaa na mwenye yadi wamsaidie kusema mapema. Kinyamaza mdomo, huteketea nyumba nzima.

Mambo yasiyoleta ugonjwa huu

Milingoti ya simu, simu za mkononi na oveni za mikrowevu hazina mionzi ya aina hii. Eksirei ya kifua hutumia kiasi kidogo mno, maelfu ya mara chini ya kile kinachoanza kuleta dalili, hivyo mgonjwa asikatae kipimo alichoandikiwa na daktari. Hata mlima wa Mrima kule Kwale, ambako mionzi ya asili ni mingi kuliko kawaida, haumpi mtu ugonjwa huu wa ghafla.

Basi ujumbe kwa Makadara ni mfupi. Chuma usichokijua, usikifungue. Kaa mbali, zuia watoto, piga simu. Kilo mbili za risasi hazilingani na uhai wa mtu mmoja.