Mizani ya Wakati: Dini ya Kubuni na Swali la Haki



Jioni hii nimechagua kuzungumzia dini isiyo na muumini hata mmoja. Ilibuniwa na mtunzi wa riwaya, Mwingereza Terry Pratchett, aliyezaliwa mwaka 1948 na kufariki mwaka 2015 akiwa ameandika riwaya 41 kuhusu dunia bapa aliyoiita Discworld. Katika milima ya dunia hiyo lipo bonde la Oi Dong, makao ya Watawa wa Historia. Ibada yao ni kazi: wanahakikisha kwamba kesho inafika, na kwamba hakuna mahali panapoishiwa wakati ilhali pengine umelundikana bure.

Watawa hawa wanapita haraka katika Small Gods ya mwaka 1992, lakini Thief of Time, iliyotoka mwaka 2001, ndiyo inayotufungulia lango la nyumba yao. Mwanzilishi wao ni Wen, anayesifika kwa kuishi katika mshangao usiokoma. Anafundisha kwamba ulimwengu huumbwa upya kila nukta. Jana haipo popote. Kilichopo ni kumbukumbu yake, nayo imeumbwa sasa hivi pamoja na wewe unayekumbuka. Mwenye kuamini hivyo atakosaje kushangaa kila afumbuapo macho?

Hapa msomaji wa Afrika Mashariki atamkumbuka John Mbiti, kasisi na mwanafalsafa wa Kenya aliyefundisha Makerere. Katika kitabu chake cha mwaka 1969 kuhusu dini na falsafa za Kiafrika, Mbiti aliugawa wakati katika Sasa na Zamani, akaifanya Zamani kuwa bahari kuu ambamo matukio yote huishia, na wakati ujao akauachia nafasi finyu sana. Wapo waliompinga vikali, Kwame Gyekye wa Ghana akiwa mmoja wao, na naona walikuwa na hoja: mkulima anayepanda minazi anajua vizuri mambo ya miaka ijayo. Hata hivyo, ukimweka Mbiti kando ya Wen unaona umbali uliopo kati yao. Kwa mmoja, yaliyopita ndiyo ghala ya kila kitu. Kwa mwenzake, ghala hiyo ni tupu.

Lakini mafundisho ya Wen si kiini cha dini hii. Kiini chake kiko chini ya nyumba ya watawa, katika ukumbi mkubwa wenye safu kwa safu za mitambo ya mviringo inayozunguka. Midogo huzunguka kwa kasi, mikubwa polepole, na watawa hupita katikati yake mchana na usiku wakiilainisha na kuisikiliza. Mitambo hiyo huvuta wakati na kuuachia. Wakati huchukuliwa pale usipohitajika, kama vilindi vya bahari ambako samaki hana la kuwahi, ukapelekwa mijini ambako watu hawaupati wa kutosha. Siku moja mitambo inapagawa, wazee wa nyumba wanaduwaa, na kijana mwanagenzi, Lobsang, anasimama katikati na kuwaamuru watawa: huu uvute, ule uachie, hadi ukumbi mzima unatulia. Kurasa hizo huwa nawasomea wanafunzi kwa sauti. Ndani yake wakati unashughulikiwa kama maji ya mfereji: una mkondo, una kina, na lazima awepo mtu wa kuugawa.

Sasa mtazameni adui. Mjini yupo Jeremy, fundi saa asiyevumilia kosa hata la kitambo kidogo. Anaagizwa kuunda saa ya kioo itakayokuwa sahihi kupita zote. Wanaoiagiza ni viumbe wasio na mwili, wanaochukia uhai kwa sababu hautabiriki. Saa hiyo ikianza tu kupiga, wakati wa dunia nzima unasimama. Naamini kabisa kwamba hapa Pratchett alifikia jambo zito kuliko wanavyokiri wahakiki wanaomweka katika rafu ya burudani. Upimaji usiomjali anayepimwa unaua kile unachokipima. Watawa hawana saa bora kuliko ya Jeremy. Wanajua tu kwamba wakati una wenyewe.

Ndiyo maana shujaa wao ni mfagizi. Lu-Tze hana cheo chochote, anashika ufagio, na kwa sababu hakuna anayemtazama mfagizi, anaingia popote. Katika Small Gods ametumwa kushuhudia tu historia ikitimia: nabii Brutha afe na vita vifuate kwa karne nzima. Anaona mlango mdogo wa kuokoa watu, naye anaupitia. Brutha anaishi. Mtawa aliyekabidhiwa kulinda mwenendo wa historia anaamua kwamba miaka ya watu ina thamani kuliko ratiba.

Tukitaka kufundisha fasihi hii hapa chuoni, tuiweke darasa moja na Kusadikika ya Shaaban Robert, iliyochapishwa mwaka 1951. Kusadikika nayo ni nchi ya kubuni, inayoelea angani, na utetezi mzima wa mshtakiwa Karama unahusu wakati ulioporwa: wajumbe sita waliotumwa pande zote kutafuta manufaa ya nchi, na kila aliyerudi akatupwa gerezani. Karama anaitetea miaka yao siku baada ya siku mbele ya baraza, mpaka wafungwa wanafunguliwa. Shaaban hakuhitaji ukumbi wa mitambo. Alikuwa na mahakama. Swali ni lile lile: nani amechukua siku za nani, na kwa idhini ipi? Ningependa wanafunzi wa uzamili waanzie hapo, wasome riwaya zetu wakitafuta wanaosubiri: mlangoni kwa mkuu, kwenye foleni ya zahanati, kizimbani. Kisha waandike ni nani katika kila hadithi ananufaika na kusubiri huko.